Ludruk ya Java: Nyimbo za kuwasema wakubwa katika mji wa masheikh

Katika kisiwa cha Java, nchini Indonesia, uko mji wa Jombang ambao Waislamu wengi waliosoma wanaufahamu kwa jambo moja. Ni katika viunga vyake ambapo Sheikh Hasyim Asy'ari alianzisha chuo cha Tebuireng mwaka 1899. Miaka 27 baadaye, Januari 1926, sheikh huyo akawa miongoni mwa waasisi wa Nahdlatul Ulama katika mji wa Surabaya, jumuiya ambayo leo huhesabiwa miongoni mwa jumuiya kubwa kabisa za Kiislamu ulimwenguni. Wajava wenyewe wanaitaja Jombang kwa jambo la pili pia, ambalo katika vyuo vyetu halisomeshwi. Huko ndiko ilikochipukia ludruk, maigizo ya usiku ambamo wanaume huvaa nguo za kike, hujipaka wanja na poda, na kuimba nyimbo za kuwasema wenye mamlaka mbele ya wanavijiji ambao wengi wao ni Waislamu.

Tumeona tuilete mada hii katika ukurasa wa familia kwa sababu swali lake limo majumbani mwetu. Wazazi wengi wanatueleza kisa kimoja kwa namna mbalimbali. Watoto wamekaa na simu, wanatazama kijana wa kiume aliyejitanda kanga na kuvaa nywele za bandia, anaimba wimbo unaojulikana na wote huku maneno ameyageuza: sasa unasema juu ya bei ya unga, au juu ya mheshimiwa aliyeahidi barabara. Watoto wanacheka. Baba anakasirishwa na mavazi. Mama anasema mavazi ni mabaya, lakini hilo la unga ni kweli. Na hapo mazungumzo hukwama, kila mmoja akiwa na haki upande wake. Wajava wamekaa na mgogoro huu kwa zaidi ya miaka 100, na umewagharimu damu. Inafaa tuwasikilize.

Chanzo cha ludruk ni watu maskini. Mwanzoni mwa karne iliyopita, wakati Waholanzi wakiitawala Java, wakulima na vibarua wa Jombang walizunguka nyumba kwa nyumba wakiimba na kuigiza ili wapate chochote. Anayetajwa zaidi ni mkulima aliyeitwa Santik. Kutokana na mizunguko hiyo ukazaliwa mchezo ulioitwa besutan, kwa jina la mhusika wake mkuu, Besut. Wanaoueleza mchezo huo wanasema Besut aliingia uwanjani macho kafumba na mdomo umejaa tumbaku ya kutafuna, akitambaa nyuma ya mbeba mwenge. Kisha aliitema ile tumbaku juu ya moto, akafumbua macho, akaanza kusema. Watazamaji hawakuhitaji mfasiri. Huyo aliyekuwa kipofu na bubu katika ardhi yake mwenyewe walimjua ni nani.

Besut alikuwa na mke, Rusmini, na Rusmini alichezwa na mwanamume. Sababu inayotolewa mara nyingi ni kwamba vikundi vilikuwa vikilala njiani, na mwanamke aliyesafiri usiku pamoja na waigizaji alipoteza heshima yake kijijini. Hivyo wakaona mwanamume avae kibwebwe kuliko mwanamke avunjiwe sitara. Sheria ya dini haikuwaachia njia hiyo, na masheikh wa Tebuireng walikuwa umbali mfupi tu. Lakini mtu asidhani kwamba mwanzo wake ulikuwa kutafuta uchafu. Ilikuwa ni namna ya wanakijiji kujaribu kuficha aibu moja, wakaangukia nyingine.

Ludruk ilipokomaa mijini, hasa Surabaya na Malang, ilipata utaratibu wake. Hufunguliwa kwa ngoma iitwayo remo, ambayo mchezaji huvaa njuga kifundoni na kupiga hatua za kishujaa. Hufuata kundi la wanaume waliovaa kike, wakitembea kwa madaha na kuimba. Kisha huingia mcheshi peke yake, mara nyingi kavaa hovyo, akasimama mbele ya gamelani, ile seti ya magongo ya shaba na marimba ya chuma ambayo ndiyo fahari ya muziki wa Java, na kuimba kinachoitwa kidungan. Wenzake wakishaingia huanza utani wa maneno, na mwisho ndipo kisa chenyewe kikachezwa mpaka usiku wa manane: kisa cha mwizi aliyewagawia maskini, cha binti aliyeozwa kwa nguvu, cha kibarua na tajiri wake. Baina ya onyesho na onyesho, wale waliovaa kike hurudi na kuimba tena.

Kidungan ndiyo roho ya jambo hili. Lahani yake kuu ni moja, jula-juli, na kila mtu wa Java Mashariki anaijua tangu utotoni. Kinachobadilika ni maneno. Leo yatakuwa ya mchele, kesho ya kodi, keshokutwa ya diwani wa mtaa huohuo, naye pengine amekaa mstari wa mbele. Beti zake huitwa parikan, mistari miwili au minne. Nusu ya kwanza hutoa picha isiyo na hatia: tunda, mto, ndege, soko la samaki. Nusu ya pili huleta kusudio, likiwa limebebwa na vina vya nusu ya kwanza. Msikilizaji akishasikia picha huanza kutafuta kina kitakachoilipa, na mara nyingi ukumbi mzima huwa umekwisha kulifikia lile neno kabla mwimbaji hajalitamka. Kicheko chao ndicho kinacholimalizia. Askari akiuliza, mwimbaji hujibu kwamba alikuwa akiimba habari za tunda.

Sisi tuliolelewa katika mafumbo tunaielewa hila hii bila kufundishwa. Liko jambo moja zaidi ambalo kwa Wajava lina uzito kuliko kwetu. Lugha yao ina ngazi za adabu: kuna maneno ya kumwambia mkubwa na kuna maneno ya kumwambia mwenzio, na kukosea ngazi ni kumvunjia mtu heshima. Ludruk huzungumza kwa ngazi ya chini, ile ya sokoni, tena kwa lafudhi ya Surabaya ambayo Wajava wa mabaraza ya wafalme huiona ngumu masikioni. Mtumishi jukwaani humjibu bwana wake kama anavyomjibu muuza mboga. Hata kabla hajaishtaki serikali kwa lolote, namna yake ya kusema tu tayari ni mashtaka.

Tufike kwa Durasim. Cak Durasim (cak ni kama kusema kaka, kwa watu wa Surabaya) alikuwa mcheshi na kiongozi wa kikundi cha ludruk katika miaka ya 1930, na majukwaa ya watu wa namna yake yalikuwa karibu na harakati za kudai uhuru. Machi 1942 Wajapani waliwang'oa Waholanzi kwa muda mfupi sana. Walijiita ndugu wakubwa wa Waasia, na wako waliowaamini. Haukupita muda, mchele ukachukuliwa kwa ajili ya jeshi, na wanaume wakakusanywa kwa kazi za kulazimishwa. Wengi wao hawakurudi. Watawala hao wapya walijua nguvu ya jukwaa, wakataka vikundi vya maigizo viisifu vita yao.

Durasim akapanda jukwaani akaimba ubeti mmoja mfupi. Picha yake ilikuwa ya kibanda cha njiwa. Kusudio lake ni kwamba tangu kuwafuata Wajapani, dhiki imezidi. Basi. Wajava bado wanaukumbuka ubeti ule, na watoto wa Surabaya wanaufahamu kuliko hotuba nyingi za viongozi. Durasim alikamatwa, akateswa, na mwaka 1944 akafariki dunia, mwaka mmoja kabla ya Indonesia kutangaza uhuru wake. Jumba la sanaa la mkoa lililoko Surabaya linaitwa kwa jina lake.

Hadithi tunayoisoma sana misikitini, kwamba katika jihadi bora ni neno la haki mbele ya mtawala dhalimu, wengi wetu tunaisoma tukiwa mahali pa salama. Hatumfanyi mcheshi wa jukwaani kuwa sheikh. Tunasema tu kwamba katika Surabaya ya mwaka ule walikuwapo wenye elimu na wenye nasaba walionyamaza, na neno likasemwa na mtu aliyezoeleka kuchekwa.

Mwaka 1962 alifika Surabaya mwanaanthropolojia Mmarekani, James Peacock, akakaa na ludruk usiku baada ya usiku hadi mwaka uliofuata. Kitabu chake kilitoka mwaka 1968. Katika aliyoyaona, moja lilitushangaza tuliposoma. Tungedhani kwamba waliovaa kike ndio wenye nyimbo za kejeli, kwa kuwa wao ndio kituko. Mambo yalikuwa kinyume. Mcheshi mwenye nguo mbovu ndiye aliyelalamika juu ya njaa, mshahara mdogo na maisha yasiyokwenda. Yule aliyevaa kike, kajipamba kama bibi wa mjini, aliimba nyimbo za kuhimiza: taifa liendelee, vijana wasome, watu waamke. Malalamiko yalitoka kwa aliyechakaa, na nasaha zikatoka kwa aliyejipamba. Kwa hiyo anayesema kwamba katika ludruk vazi la kike lilikuwa la kuchekesha tu hajaifahamu vyema. Lilitumika kuwaonyesha watu mfano wa uzuri na wa usasa. Kwetu sisi hilo halipunguzi tatizo la kisheria. Pengine linalizidisha, maana kinachochekesha hupita, na kinachovutia huigwa.

Sasa tuingie katika sehemu nzito. Java ya miaka ile ilikuwa imegawanyika. Waislamu washika dini, walioitwa santri, walikuwa na vyuo vyao na jumuiya zao. Wengine, walioitwa abangan, walikuwa Waislamu kwa jina na kwa mazishi, huku mila zao za kale zikiwa na nguvu zaidi. Hao ndio waliokuwa wengi katika hadhara za ludruk. Chama cha Kikomunisti kiliwatazama kwa makini. Vikundi vingi vya ludruk vikawa karibu na Lekra, taasisi ya utamaduni iliyoanzishwa mwaka 1950 na iliyokuwa na uhusiano na chama hicho. Nyimbo zilizokuwa zikimsema diwani zikaanza kumsema mwenye ardhi, na mara nyingi mwenye ardhi alikuwa haji au sheikh wa chuo. Katika baadhi ya hayo, tukubali, palikuwa na ukweli: sheria ya kugawa ardhi ilikuwapo, na wako waliokuwa wakiikwepa.

Kisha wakavuka mpaka. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 baadhi ya vikundi vilionyesha mchezo ambao jina lake lilimtaja Mwenyezi Mungu kwa jambo lisilomstahiki kabisa. Jina hilo hatutaliandika katika gazeti hili. Vijana wa santri wa Java Mashariki walighadhibika, na katika baadhi ya vijiji maonyesho yalivunjwa kwa nguvu. Nasi tungeghadhibika. Mtu anayejifunika kwa utani hapati ruhusa ya kumdhihaki Muumba, na anayedai kuwatetea maskini ajue kwamba maskini nao wana imani.

Lakini tazama kilichofuata. Baada ya majenerali kuuawa mjini Jakarta katika usiku wa kuamkia tarehe 1 Oktoba 1965, jeshi liliwalaumu Wakomunisti na msako ukaanza nchi nzima. Katika miezi michache waliuawa watu ambao wanahistoria kwa kawaida huwakadiria kuwa nusu milioni hivi, na Java Mashariki ilikuwa miongoni mwa sehemu zilizoumia zaidi. Jeshi halikufanya kazi hiyo peke yake. Liliwatumia vijana wa jumuiya za kiraia, wakiwamo vijana wa Ansor, tawi la vijana la Nahdlatul Ulama. Miongoni mwa waliouawa au kufungwa bila ya kuhukumiwa walikuwamo wapiga gamelani, wacheshi na wale walioimba wamevaa kike. Wengine hawakuwahi kushiriki mchezo ule wa kufuru. Kosa lao lilikuwa kupanda jukwaa la kikundi kilichoorodheshwa. Waliosalia waliwekwa chini ya usimamizi wa wanajeshi, na serikali ya Suharto ikawapa maneno ya kuimba: uzazi wa mpango, kilimo, mafanikio ya chama tawala. Lahani ilibaki ileile ya jula-juli. Wala hatuoni ajabu kwamba katika zama hizo waliopendwa zaidi kwenye kaseti walikuwa wacheshi kama Kartolo, aliyerudi katika mambo madogo ya nyumbani, deni la dukani na mke aliyechoka, ambayo hakuna askari angeweza kuyakataza.

Aliyelifungua tena jambo hili hadharani alikuwa mtoto wa Jombang. Abdurrahman Wahid, mjukuu wa Sheikh Hasyim Asy'ari, aliiongoza Nahdlatul Ulama kuanzia mwaka 1984 hadi 1999, kisha akawa Rais wa Indonesia. Mwaka 2000, akiwa madarakani, aliomba radhi kwa waathirika wa mauaji yale kwa sababu ya ushiriki wa watu wa jumuiya yake. Wako masheikh waliompinga, wakisema kwamba santri nao waliuawa na Wakomunisti katika miaka ya nyuma, jambo ambalo ni kweli. Na mwandishi Pramoedya Ananta Toer, aliyeshikiliwa miaka 14 bila ya kuhukumiwa, hakuikubali radhi ile. Yeye alitaka sheria ifanye kazi yake. Kila upande ulikuwa na maiti wake.

Je, sisi tunasimama wapi? Katika suala la vazi, hukumu haina utata. Hadithi ya Ibn Abbas katika Sahihi ya Imam Bukhari inawalaani wanaume wanaojifananisha na wanawake, na wanawake wanaojifananisha na wanaume; wala nia njema haikigeuzi kilichokatazwa kuwa halali. Maulamaa hata hivyo hawakulizungumza jambo hili kwa pupa. Imam An-Nawawi ametofautisha baina ya aliyeumbwa na sauti au mwendo laini, ambaye hana lawama juu ya umbile lake, na anayejitia hivyo kwa makusudi. Tofauti hii inapotea sana katika vinywa vya watu wetu. Kijana mwenye sauti nyembamba hukejeliwa hata ndani ya madrasa, wakati anayevaa gauni akacheza harusini hutunzwa fedha.

Katika suala la maneno, hukumu ni nyingine. Ukweli juu ya unga haubatiliki kwa sababu aliyeusema amevaa kanga. Tunaweza kumwambia mtoto kwamba vazi lile silo, na papo hapo tukamwambia kwamba bei ile ni dhulma. Mtoto wa miaka 10 anaweza kuyabeba yote mawili. Wenye kushindwa huwa ni wazazi, kwa kuwa tunapenda jambo liwe jeupe lote au jeusi lote ili tulale. Na la tatu, ambalo damu ya Java imeliandika: kuchukizwa kwako na vazi la mtu, na hata na neno lake, hakukupi mamlaka juu ya mwili wake. Hukumu zina wenyewe, na wenyewe si kundi la vijana wenye mapanga usiku.

Liko pia swali ambalo tunajiuliza sisi wa kamati za misikiti. Kwa nini Besut alilazimika kutambaa uwanjani ndipo aseme? Mahali ambapo mtu wa kawaida anaweza kusimama baada ya sala na kuuliza mambo ya jamaa, akajibiwa kwa heshima, haja ya kujigeuza sura inapungua. Mahali ambapo kila swali huitwa fitina, watu watatafuta wigi.

Huko Java ludruk haijafa. Vikundi bado vipo Mojokerto, Jombang na Surabaya, na huitwa kucheza katika harusi na sherehe za vijiji. Wanawake wenyewe siku hizi hupanda jukwaani kucheza nafasi za kike, ingawa wanaume waliovaa kike hawajatoweka, na remo hufundishwa kwa watoto shuleni. Televisheni na simu zimewapokonya watazamaji wengi zaidi kuliko fatwa yoyote.

Kwetu hapa, vijana wa madrasa wameomba kuonyesha mchezo mfupi baada ya mashindano ya Qur'ani. Ndani yake yumo mama mkwe, na walikusudia achezwe na mmoja wao akiwa amevaa baibui la dada yake. Kamati imekaa mara mbili juu ya ombi hilo. Imekubaliwa kwamba baibui libaki kwa mwenyewe, na mama mkwe awe sauti tu, nyuma ya mlango, akizungumzwa na wanawe walioko mbele ya watu. Mwalimu wao anasema vijana wameona hivyo inachekesha zaidi. Beti za wimbo wao tumezisoma zote. Mbili zimeondolewa kwa kuwa zilimtaja mtu kwa jina. Ule ubeti unaouliza fedha za mabomba ya kutawadhia zimekwenda wapi tangu Shaaban, kamati imeuacha ulivyo, na mshika fedha ameambiwa aje na daftari lake siku hiyo.